Mzizi wa Jino Kusafishwa na Kuzibwa: Maswali ya Wagonjwa

Kwa nini nisipewe vidonge tu?

Ndani ya jino kuna kiini laini chenye neva na mishipa ya damu, kinachoshuka hadi ncha ya mzizi kupitia mifereji myembamba. Jino likitoboka na vijidudu vikakifikia, kiini huvimba, huuma usiku kucha, kisha hufa. Hapo maumivu yanaweza kutulia ghafla na mgonjwa akadhani amepona, kumbe usaha unajikusanya kwenye mfupa. Kiini kilichokufa hakina damu ya kufikisha antibayotiki ndani. Kilichobaki ni kung'oa au kusafisha, na jino ambalo bado lina kuta za kutosha linastahili kuokolewa.

Nitaumia?

Utapigwa ganzi. Jino lenye uvimbe mkali huweza kuchelewa kushika ganzi. Ukisikia maumivu inua mkono, daktari ataongeza.

Anafanya nini humo ndani?

Kwanza hulitenga jino kwa kipande cha mpira mwembamba, ili mate yenye vijidudu yasiingie na wewe usimeze dawa wala kifaa. Kisha hutoboa juu ya jino na kutafuta midomo ya mifereji. Hapa panahitaji subira. Gego la kwanza la juu, lile linaloota mtoto akifikisha miaka sita hivi, mara nyingi lina mifereji minne, na wa nne hujificha. Ukiachwa bila kusafishwa, jino linaweza kurudi kuuma hata kama mingine mitatu imefanyiwa kazi safi.

Daktari hupima urefu wa kila mfereji kwa eksirei au kwa kifaa cha umeme, kwa sababu anapaswa kukomea nusu milimita hadi milimita moja kabla ya ncha. Akipitiliza, anajeruhi mfupa. Akikomea mbali, anaacha uchafu. Huanza na faili nyembamba, yaani kijisindano cha kukwangua mfereji, ncha yake ikiwa milimita 0.10 au chini ya hapo, kisha hupanua taratibu mpaka mfereji uwe mpana juu na mwembamba chini, bila kuharibu mkunjo wake wa asili. Faili za chuma cha pua ni ngumu kwenye mikunjo mikali, ndiyo maana siku hizi wengi hutumia za nikeli na titani, zinazopinda.

Lakini faili peke yake haisafishi. Picha za eksirei za kompyuta zimeonyesha kwamba theluthi moja au zaidi ya ukuta wa mfereji inaweza kubaki bila kuguswa. Kazi ya kusafisha sehemu hizo hufanywa na maji ya dawa, hasa sodiamu haipokloraiti ya asilimia 0.5 hadi 5.25, inayoua vijidudu na kuyeyusha mabaki ya kiini. Ndiyo kemikali iliyomo kwenye Jik, lakini usithubutu kujitibu nayo nyumbani: inaunguza. Kwa hiyo daktari anayekaa muda mrefu akisukuma dawa kwa bomba la sindano hapotezi muda wako. Anafanya sehemu muhimu kuliko zote.

Anaziba kwa kutumia nini?

Kwa gataperka, utomvu mgumu wa miti ya Asia ya Kusini-Mashariki, pamoja na saruji laini inayojaza nyufa. Vijiti vyake hushindiliwa kimoja kando ya kingine, au hulainishwa kwa joto ili vifuate umbo la mfereji. Kama bado kuna usaha, huweza kuwekwa kwanza dawa ya kalsiamu haidroksaidi, ukarudi baada ya wiki moja au mbili.

Nikishamaliza je?

Maumivu kidogo ya siku chache ni kawaida. Uso ukivimba, ukipata homa au ukashindwa kumeza, nenda hospitali saa hiyohiyo. Na usikae miezi na kizibo cha muda: kikivuja, vijidudu hurudi ndani. Gego lililotibiwa huhitaji kuvikwa kofia, yaani kifuniko kigumu cha jino, maana limeshapoteza sehemu kubwa ya mwili wake na linaweza kupasuka kwa kutafuna mfupa mmoja tu. Uliza bei ya kofia kabla ya kuanza matibabu, uipange pamoja na gharama nyingine.