SOMO LA KIKUNDI: BABA WA SINEMA NA MZAZI WA BOMA



Tumeona kwamba sinema ya mzazi anayemwokoa mtoto haichoshi watu. Katika Commando ya mwaka 1985, Arnold Schwarzenegger ni mwanajeshi mstaafu ambaye binti yake ametekwa nyara. Katika Taken ya mwaka 2008, Liam Neeson anamtafuta binti yake aliyetekwa Paris. Hata mama asiyejua Kiingereza anaielewa. Kwa nini?

Kwanza, uchungu wa mwana aujuaye mzazi. Hapa Oldonyiro mtoto akichelewa na mbuzi jioni, boma zima halilali.

Pili, mengi hutushinda: ukame, wizi wa mifugo, karo. Kwa saa moja na nusu tunamwona mzazi asiyeshindwa. Si dhambi, moyo unapumzika.

Lakini tuangalie ile Taken kabla bunduki hazijalia. Binti ana miaka 17. Baba anatia sahihi karatasi ya ruhusa, kumbe hajaambiwa safari yote. Huko Paris, kijana mchangamfu anaomba wachangie teksi. Hivyo anajua wanakokaa, na kwamba wako peke yao. Mtoto alipotea hapo, kwa tabasamu.

Kwetu pia anayepoteza watoto haji na bunduki. Anakuja na heshima zake, anakunywa chai, anaahidi kazi ya nyumba mjini au shule nzuri. Sheria ya Kenya ya mwaka 2010 inayopinga usafirishaji haramu wa watu inatoa kifungo kisichopungua miaka 30, au faini isiyopungua shilingi milioni 30, au yote mawili. Lakini sheria huja nyuma. Mzazi ndiye yuko mlangoni.

Baba wa sinema anapigana peke yake. Sisi tuna kikundi. Kabla mtoto hajaondoka, tuulize: anayemchukua ni nani? Kwao ni wapi? Chifu wa huko anamjua? Namba yake ipigwe mbele ya watu, iandikwe kwenye daftari la kikundi. Mtoto akinyamaza, tusingoje. Tumwone chifu, tuende polisi, tupige 116, simu ya watoto, bila malipo, usiku na mchana.

Maswali ya kujadili:
1. Ni watoto wangapi wa kijiji chetu wako mbali, na nani amesikia sauti zao mwezi huu?
2. Binti akiogopa safari, atamwambia nani?
3. Daftari litawekwa na nani?