Bibi na Mjukuu wa Kashiwabara

Twawaeleza habari za Kobayashi Issa, mtunga mashairi wa Japani, aliyezaliwa mwaka 1763 katika kijiji cha Kashiwabara, penye milima na theluji nyingi. Mamaye alifariki yeye angali mdogo sana, bibi yake akamlea. Baba alipooa tena, mama wa kambo hakupatana na mtoto. Bibi ndiye aliyesimama kati yao. Mwaka 1776 bibi akafa. Mwaka uliofuata baba akampeleka kijana Edo, ndio Tokyo ya leo, ajitafutie riziki. Twaona jinsi kikongwe mmoja alivyoishikiza nyumba nzima! Issa alirudi kukaa kijijini mwishoni mwa 1812, baada ya kushindana miaka mingi na mama yule na mwanawe juu ya urithi.