Nilivyochoma akaunti chini ya mwembe Isevya

Soko la New York hufunguliwa saa kumi na nusu jioni kwa saa zetu. Wamarekani wakiwa kwenye baridi yao, saa kumi na moja na nusu. Jioni moja nilikuwa chini ya mwembe, Isevya hapa Tabora, na shilingi 500,000 za mauzo ya asali kwenye programu ya dalali mmoja wa mtandaoni. Nikainunua fahirisi ya Dow Jones nikitegemea ipande. Ikashuka. Muuza kahawa alipita mara ya kwanza nikiwa na pesa. Aliporudi kuchukua kikombe, sikuwa nazo. Vijana wanaita kuchoma akaunti.

Kulisoma soko vibaya ni kawaida, hata wakongwe hukosea. Kilichonimaliza ni mkopo. Dalali alinipa moja kwa mia, yaani kwa laki tano zangu nilikuwa nimebeba mzigo wa milioni 50. Hapo fahirisi ikishuka asilimia moja tu, laki tano imekwenda. Na asilimia moja kwa Dow ni mambo ya kila mara. Tarehe 16 Machi 2020 ilianguka karibu asilimia 13 kwa siku moja.

Fahirisi, au indeksi, ni namba inayopima bei za hisa nyingi kwa mpigo. Wazee wa misafara wa Unyanyembe, eneo letu hili la Tabora, wangeielewa haraka: huulizi pembe hii moja ya ndovu ina bei gani, unauliza msafara mzima una thamani gani leo. Ila mizigo haina uzito sawa. Dow ina kampuni 30, na yenye hisa ya bei kubwa ndiyo inayovuta zaidi. Soko la Hisa la Dar es Salaam lina DSEI, inayohesabu kampuni zote pamoja na za Kenya kama KCB, na TSI, ya kampuni za nyumbani tu. Ndiyo maana Nairobi ikitikisika, DSEI inaweza kushuka na TSI ikatulia. Nilichelewa sana kulijua hilo.

Kuhusu mkopo, Tabora hatuhitaji mwalimu wa mbali. Mfanyabiashara wa misafara Tippu Tip alipita njia hii na bidhaa za mkopo wa tajiri Taria Topan wa Zanzibar. Msafara ukirudi salama, faida. Ukiporwa njiani, deni haliporwi.

Siku hizi nafanya hivi. Mbinu mpya naijaribu kwanza kwenye akaunti ya majaribio, miezi mitatu. Kabla ya kuingia naandika daftarini nitatokea wapi, kisha naweka amri ya kukata hasara, nisipoteze zaidi ya asilimia moja ya mtaji. Kwa laki tano, ni 5,000. Amri hiyo nayo si ngome: habari ikitoka usiku, soko linaweza kufunguka likiwa limeshairuka. Kulaza biashara usiku kucha kuna makato pia, na madalali wengine wanaweza kukudai zaidi ya ulichoweka. Soma mkataba.

Sehemu kubwa ya pesa yangu sasa iko kwenye hisa zenyewe za Dar es Salaam, kupitia akaunti ya CDS, ile inayotunza hisa. Sina mkopo humo, na gawio likitangazwa napata.

Kabla hujamtumia dalali yeyote hata shilingi, uliza Mamlaka ya Masoko ya Mitaji na Dhamana kama ana leseni. Na kama pesa yenyewe ni ada ya mtoto, kalipe ada.