KUVUMWANI: MAFUNDISHO KWA WAKULIMA WA NGARA NA BIHARAMULO

Mvua za vuli zikianza, mawe, kingo za chemchemi na mashina ya mibuni mizee huvaa nguo ya kijani, laini kama zulia. Mmea huo mdogo ndio kuvumwani. Wakulima wengi huuchukia, wakisema kwamba hunyonya mibuni. Basi hushika panga na kukwangua shina toka chini hata juu. Kazi hiyo ina hatari kubwa, nayo karatasi hii yaeleza kwa nini.

1. Kuvumwani ni nini?

Kuvumwani haina mizizi ya kweli, wala maua, wala mbegu. Ina vinywele vidogo vya kujishikiza tu, na huzaana kwa vumbi jepesi lichukuliwalo na upepo na maji. Hunywa kwa majani yake maji ya mvua na umande. Kwa hiyo hainyonyi mbuni. Imekaa juu ya gome kama mgeni alalaye barazani. Katika kiangazi cha Juni hata Agosti hunyauka ukadhani imekufa, lakini mvua ikirudi huwa kijani tena.

2. Juu ya mibuni

Kuvumwani nyingi ni shahidi. Yakuambia kwamba matawi yamesongamana, na jua na upepo havipiti. Ukimwua shahidi, shauri halijakwisha.

Tena, jeraha la panga ni mlango wa ugonjwa wa mnyauko wa kahawa. Ugonjwa huo ulitambuliwa katika Mkoa wa Kagera mwaka 1997, nao huua mibuni ya robusta. Hauna dawa: mbuni ulioshikwa hung'olewa na kuchomwa moto papo hapo shambani. Basi fanya hivi:

(a) Baada ya mavuno, kata matawi makavu, yaliyozeeka na yasongamanayo, na ung'oe machipukizi yasiyotakiwa.
(b) Punguza majani ya migomba na matawi ya miti ya kivuli, ili jua lipenye.
(c) Kuvumwani ikiwa nene hata kufunika macho ya shina, isugue polepole kwa kipande cha gunia. Usitumie panga.
(d) Kabla ya kuhamia mbuni mwingine, pitisha makali ya chombo chako motoni.

3. Katika kitalu

Kuvumwani ikitanda juu ya udongo wa kitalu, jua kwamba unamwagilia kupita kiasi, au kivuli ni kizito. Katika unyevu kama huo miche huoza shina karibu na ardhi, na taabu ya miezi mingi hupotea. Tia kidole udongoni. Ukiona unyevu, usimwagilie siku hiyo. Ondoa sehemu ya nyasi za paa, kisha vunja utando wa juu kwa kijiti, ukiangalia usikate mizizi.

4. Kwenye chemchemi

Hapa kuvumwani ni rafiki. Hupokea tone la mvua lisipige udongo, na hushika maji kama sifongo, kisha huyaachia kidogo kidogo. Ukingo uliokwanguliwa huporomoka, na tope huingia katika maji yanywewayo na watoto wako. Kama ukingo wa chemchemi yako uko wazi, panda kuvumwani hivi:

Mvua zikishika, chukua mahali penye kuvumwani tele vipande vya ukubwa wa kiganja, ukiacha vingi zaidi ya uvichukuavyo. Chagua mahali penye kivuli na unyevu kama pale ulipovitoa. Ng'oa magugu, lowesha udongo, kisha bandika vipande na uvikandamize kwa kiganja vishikamane. Usitie mbolea wala samadi. Siku zisizo na mvua, nyunyizia maji safi asubuhi na jioni. Ondoa majani yaangukayo juu yake, na uzungushie uzio ng'ombe na mbuzi wasikanyage. Usiharakishe: kuvumwani hukua polepole sana, na huenda miezi mingi ikapita kabla vipande havijaungana.

Kumbuka: juu ya mbuni, punguza kivuli, katika kitalu, punguza maji, kwenye chemchemi, itunze. Na panga, liache nyumbani.