Wamechelewa, Sasa Wanaomba Siku

*Bibi, mimi ni mfanyabiashara wa Micheweni. Halmashauri moja ilinivunjia banda, nikaishitaki, na Januari 8 Mahkama Kuu ikanipa haki. Siku 30 za notisi ya rufaa zikapita kimya. Aprili 14 wameomba kuongezewa muda. Barazani wananiambia serikali haikosi huruma ya jaji. Nijibu, au niwaachie?*

Jibu, mwanangu, na ujibu ukiwa na kalenda mkononi.

Nimekisoma kiapo chao ulichonitumia. Aya ya tano: mwanasheria wao alihamishiwa Unguja. Makubwa! Kahama mtu, faili limebaki kabatini na ofisi iko wazi. Aya ya sita: nakala ya hukumu ilichelewa, wakaipata Machi 3. Hapo wamejikwaa mara mbili. Notisi ya rufaa haingoji nakala ya hukumu; ni karatasi ya kusema tu kwamba hatukuridhika. Halafu, toka Machi 3 mpaka Aprili 14 ni siku 42, na kiapo kizima hakina neno juu yake.

Hizo 42 ndizo kesi yako. Mahakama ya Rufani, ambayo ndiyo yetu pia huku visiwani, ilishasema katika shauri la Bushiri Hassan la 2007 kwamba hata siku moja ya kuchelewa lazima itolewe maelezo. Katika shauri la Lyamuya la 2010 ikaweka vipimo: kuchelewa kote kuelezwe, kusiwe kwa kupindukia, na mwombaji asiwe mzembe. Kanuni ya 10 ya mahakama hiyo inataka sababu ya msingi, na haikuitengea halmashauri kipimo chake.

Lakini wa barazani hawakukosea moja kwa moja. Huruma ipo, maana fedha ya halmashauri ni ya wananchi, na majaji wanalijua hilo. Mlango wanaopenda kupitia ni wa kudai hukumu yenyewe ina kasoro ya kisheria. Mwaka 1992 Katibu Mkuu wa Wizara ya Ulinzi aliupitia katika shauri lake dhidi ya Valambhia, akafunguliwa. Kwa hiyo soma kiapo mpaka mwisho, utafute neno hilo. Ukilikuta, jibu kwamba kasoro ya namna hiyo lazima ionekane wazi usoni mwa hukumu, kama vile mahkama kukosa mamlaka au mtu kutosikilizwa. Ya kuchimbuliwa kwa hoja ndefu haitoshi. Lyamuya ilisema hayo pia.

Yaweke yote kwenye kiapo kinzani, kwa tarehe. Wakili akikushinda bei, panda gari uende Chake Chake, Kituo cha Huduma za Sheria Zanzibar kina ofisi pale. Na ukifika uliza habari ya kukaza hukumu, kwa sababu ombi la muda peke yake halizuii. Kinachozuia ni amri ya mahkama, na katika karatasi ulizonitumia sikuiona.