Hundi Imerudi, Samansi Imefichwa

*Barua, kwa ufupi:* Nina duka la vifaa vya ujenzi Morogoro. Nilichukua saruji na nondo kwa mali kauli, nikamwachia msambazaji hundi ya tarehe ya mbele iwe dhamana. Nondo zilikuja pungufu, na sehemu ya deni nilishalipa kwa simu. Hata hivyo aliipeleka hundi benki, ikarudi. Wiki mbili zilizopita nililetewa samansi. Nimeiweka kwenye begi la kazini mke wangu asiione, maana yeye ndiye anayeshika daftari la duka. Nijitetee vipi?

*Jibu:* Kesi ya hundi iliyorudi haiendi kama kesi nyingine za madai. Chini ya Amri ya XXXV ya Sheria ya Mwenendo wa Madai, Sura ya 33, mdai anaweza kuifungua kwa utaratibu wa muhtasari. Hapo mdaiwa hana haki ya kujitetea mpaka aombe ruhusa ya mahakama na kuipata, na ombi hilo lina siku 21 tangu apokee samansi. Asipoomba, madai yote huhesabiwa kuwa ameyakubali. Mdai hupewa tuzo, kisha dalali wa mahakama hutumwa kukamata mali. Tuzo ya namna hiyo hutenguliwa kwa sababu maalumu tu, na kuogopa mke haimo.

Ombi la ruhusa huambatana na hati ya kiapo. Kiapo kinachosema tu kwamba mdaiwa hadaiwi hakitoshi; kitaje tarehe, kiasi na vielelezo. Sheria inayosimamia hundi, Sura ya 215, inamchukulia kila aliyetia saini kuwa alipata thamani fulani, hivyo kazi ya kuonyesha kinyume inamwangukia mdaiwa. Hundi ya tarehe ya mbele ni hundi halali. Neno “dhamana” peke yake halimwokoi mtu, wala kisingizio kwamba akaunti ilikuwa tupu.

Zipo hoja zenye nguvu: saini ya kughushi, tarakimu zilizobadilishwa bila idhini, ulaghai, bidhaa zisizofika, au deni lililokwisha kulipwa. Mwenye barua anazo mbili za mwisho, ingawa zote ni za sehemu tu ya deni. Mahakama inaweza kumpa ruhusa bila masharti, au kumtaka kwanza aweke fedha au dhamana.

Sasa begi. Upungufu wa nondo utathibitishwa na hati za kupokelea mzigo. Malipo ya simu yatathibitishwa na jumbe za miamala, ambazo Sheria ya Miamala ya Kielektroniki ya mwaka 2015 inaziruhusu kuwa ushahidi, zikilinganishwa na maandishi ya siku ile ile. Maandishi hayo yako kwenye daftari, na daftari liko kwa mke. Kwa hiyo aliyefichwa samansi ndiye shahidi wa kwanza wa utetezi. Mume anatafuta njia ya kushinda kesi huku amemfungia nje mtu mwenye ushahidi, na wiki mbili kati ya tatu zimekwisha.

Hofu hiyo ina chanzo chake. Mtu anayeshika daftari la duka hushtushwa zaidi na deni ambalo halimo humo kuliko na deni lenyewe. Huenda hundi ilitiwa saini bila yeye kuambiwa, na aibu inayofichwa ni hiyo, wala si samansi. Mwanamume anayedhani anailinda heshima yake kwa kunyamaza anaiacha mikononi mwa dalali, atakayekuja mchana majirani wakitazama. Mke atajua tu. Kilichobaki kuamuliwa ni kama atajua kutoka kwa mumewe au kwa mtu anayeandika orodha ya mali dukani.

Duka linaloendeshwa na wawili halina deni la mmoja. Mwenye kuhesabu mauzo kila jioni ana haki ya kujua kila karatasi inayoweza kulifunga duka hilo. Kumpa kazi ya hesabu na kumnyima habari za hundi ni kumfanya karani katika nyumba yake mwenyewe. Kosa hilo ni zito kuliko kosa la hundi iliyorudi, na halitibiwi na wakili.

Utaratibu uliobaki ni mfupi. Samansi itolewe kwenye begi leo usiku na daftari lifunguliwe mbele ya wote wawili. Kesho vielelezo vipelekwe kwa wakili, ombi na kiapo viwasilishwe kabla ya siku ya 21. Kiasi kitakachoonekana kuwa deni la kweli kikubaliwe waziwazi na kuombewa kulipwa kwa mafungu; kilichobaki kibishaniwe. Na hundi yoyote ya duka itakayotolewa baadaye iandikwe daftarini kabla ya kutiwa saini.