MAJI YA WARUMI: KAZI YA KIPIMO

Katika somo la historia mwenzetu mumoja aliuliza: Warumi walisukuma maji kwa mashini gani mpaka mujini? Wengine tulicheka, lakini hakuna aliyejibu. Basi sisi wa mwaka wa sita tulitafuta. Kumbe mashini haikukuwako. Maji yalitelemuka tu.

Mufereji wa kwanza wa Roma ulijengwa mwaka wa 312 mbele ya Kristo, karibu wote chini ya udongo. Lakini tazameni ule wa Nîmes, katika Ufaransa ya leo. Chemchemi iko karibu na Uzès, kilometa 20 hivi kwa njia ya kunyooka. Mufereji ulizunguka vilima, ukafika kilometa 50, na toka mwanzo mpaka mwisho ulishuka meta 12 na nusu hivi. Pigeni hesabu wenyewe: sentimeta 25 kwa kilometa, ni kusema robo ya milimeta kwa kila meta! Ukikosea kidogo, maji yanasimama. Kwa kuvuka muto Gardon walijenga daraja la mawe la ngazi tatu, karibu meta 49 kwenda juu. Lingali linasimama.

Na kipimo chao? Vitruvius anaeleza ubao wa futi 20 wenye miguu, na kamba za uzito zikining'inia. Upepo ukitikisa kamba, walimwanga maji katika kijifereji juu ya ubao, wakatazama kama yanalingana. Ninyi munaosema jometri ni ya kusumbua kichwa tu, munasikia?

Mujini shida ilikuwa ingine. Mwaka wa 97 nyuma ya Kristo, Frontinus aliwekwa mukubwa wa maji ya Roma. Mifereji ilikuwa 9, lakini hesabu ya vitabu na maji yenyewe havikupatana. Wafanyakazi wa maji walitoboa mabomba chini ya barabara na kuuza kwa siri. Fasi zingine alikuta bomba pana kupita ruhusa. Hata watumwa 700 wa kutunza mifereji, wasimamizi waliwapeleka kwa kazi za watu binafsi. Frontinus alianza kupima upya, bomba kwa bomba, na kuandika yote.

Kule Nîmes birika la kugawanya maji lingali lipo, la muviringo, na matundu 10 ya mabomba ukutani, kila moja karibu sentimeta 40. Sisi wa kupanga mustari kwenye robine kila asubui, picha yake tuliitazama wakati murefu.